Mama wa Kambo wa Mjomba

Mkunya, Newala
5 Julai 2003

Shemeji Fortunatus,

Salamu nitazileta mwishoni, nikizikumbuka. Kwanza nijibu hili: Flora yuko kwako?

Alhamisi aliondoka hapa asubuhi na sare ya shule, madaftari kwapani, akaaga vizuri. Saa nane hakurudi. Saa kumi nikaenda shuleni, mwalimu wa darasa la tano akaniambia hakumwona siku nzima. Nikaenda bombani, nikaenda kwa akina Ziada, nikaenda hadi makaburini kwa marehemu mama yake, maana huwa anapenda kufagia pale. Hayupo. Jioni Benedikto, dereva wa lile basi dogo la Masasi, akamwambia baba yake, Ambrosi, kwamba alimpakia mtoto wa shule pale njia panda, mtoto akasema amefiwa na anakwenda kwa bibi yake. Amefiwa na nani, Shemeji? Hapa wote wazima.

Nilitaka kuja siku ileile. Ambrosi amenikataza. Anasema mtoto akikimbilia ujombani hafuatwi na mke wa baba, anasubiriwa mpaka mjomba afungue mdomo. Mila hiyo naijua, nimezaliwa nayo. Ila sikujua kama inauma hivi ukiwa upande huu.

Nimekaa nawaza nimemkosea nini. Flora nimemlea tangu ana miaka mitano na siku zote aliniita Mama. Alipotoka kwako likizo ya Pasaka akaanza kuniita Mama Cyril, kama majirani wanavyoniita. Nikasema amekua, anajifunza adabu za watu wazima. Halafu nikaona kila chakula nikipakua, anamlisha mdogo wake kwanza. Anamtia tonge mdomoni, anamtazama usoni kwa muda, ndipo na yeye anaanza kula. Shemeji, mimi nilifurahi! Nilitangaza hadi bombani, jamani njooni muone Flora anavyompenda Cyril.

Sasa sielewi tena nilichokuwa nakiona.

Bibi Isabela mpe shikamoo yangu. Na wewe salamu zako ndizo hizi.

Severina

---

Masasi Mjini
9 Julai 2003

Kwako Mama Cyril,

Waraka wako umefika mkononi mwangu salama na nimeusoma nikiwa nimeketi. Ondoa shaka juu ya uhai wa mtoto. Flora yuko hapa kwa mama yangu, anakula, analala, na Mama amefurahi kupita kiasi kwa sababu yeye na shule hawakuwahi kukutana, na sasa amepata wa kumsomea barua na maandishi ya chupa za dawa.

Ama kuhusu sababu, tulia nikueleze kwa mpangilio. Mtoto alishuka kwenye basi akaja mbio mpaka kwangu. Shingoni, kwapani, katikati ya vidole, alikuwa amepakwa unga wa njano uliochanganywa na mafuta, unanuka vibaya. Akanishika mkono akasema maneno mawili tu: "Mjomba, ameanza."

Kazi yangu unaijua. Kila siku kuanzia saa tisa mchana nashika kipaza sauti katika banda langu la video na kuwafasiria watu filamu za Kinaijeria. Tangu biashara zifunguliwe na mikanda ianze kumiminika kutoka Dar es Salaam, nimefasiri mama wa kambo zaidi ya hamsini. Nawajua kama viganja vyangu. Wote huanza na tabasamu, wote huanza na mafuta. Hiyo ya Pasaka ambayo Flora aliiona mara sita ilikuwa ya mwanamke aliyempaka mtoto wa mumewe unga wa njano, kidogo kidogo, mpaka mtoto akaanza kuona majini mchana kweupe. Sasa mtoto wangu ananifikia na unga wa njano. Ungekuwa mimi ungefanyaje?

Tulimwogesha ndoo tatu za maji na sabuni ya kufulia.

Sikushutumu, nauliza. Lakini marehemu Josephina alikuwa dada yangu wa pekee na kwa desturi zetu mtoto wa dada ni wangu. Nimeitisha kikao cha ukoo hapa nyumbani Jumamosi tarehe 16 Agosti. Hapo itaamuliwa kama Flora atarudi Mkunya au atabaki ujombani moja kwa moja. Unaweza kuleta maelezo yako kwa maandishi.

Wako katika majonzi ya kifamilia,
Fortunatus

---

Mkunya
12 Julai 2003

Fortunatus,

Ni salfa. SALFA! Ile ya kupulizia mikorosho! Huu ni mwezi wa Julai, mikorosho inatoa maua, Newala nzima ina rangi ya njano kuanzia majani mpaka kwenye uji, na wewe unaniandikia habari za majini? Umekulia Chilangala. Ambrosi anakumbuka mlivyokuwa mkitoka shambani wawili nyie, kope za njano, macho yanawatoka machozi, mnagombania maji ya kunawa. Miaka minne ya kushika kipaza sauti imekusahaulisha harufu ya kwenu?

Mtoto alikuwa na upele. Vidole vimejaa, anajikuna mpaka anatoka damu. Nilimfanyia kama mama yangu alivyotufanyia sisi sote: salfa kijiko kimoja, mafuta ya nazi vijiko vitatu, paka, usioge siku tatu. Nilimpaka Jumatano jioni. Alisimama kimya, mikono ameinua, anatetemeka. Nikamwambia pole, najua kuna baridi. Kumbe!

Na nyie mkamwogesha ndoo tatu. Haya, subirini, upele hauchagui.

Nimeandika kwa hasira na hasira imeisha katikati ya ukurasa, sasa nakwambia la kweli. Tangu barua yako ifike sina raha. Nimejua salfa haina kosa, lakini mtoto hawezi kusadiki jambo kama hilo kwa mtu anayempenda bila kuwa na kitu kingine alichokiona. Nakitafuta hicho kitu. Krismasi nilimshonea Flora gauni refu kuliko kimo chake, ili alivae miaka miwili. Shati la Cyril lilimkaa sawasawa, kwa sababu Cyril ni mdogo, kitambaa chake hakifiki hata nusu mita. Je, alipima? Siku ya ubatizo Cyril alipata paja la kuku. Alililia, nikampa. Flora alipata bawa na shingo, na hakulia. Nilifikiri hakulia kwa sababu ameridhika.

Kwenye filamu zako wanaonyesha vitu kama hivi, magauni na mabawa ya kuku? Au wanaonyesha unga tu?

Mimi sijui kama mimi ni mama mbaya. Wewe uliyefasiri hamsini, niambie.

Severina

---

Masasi
21 Julai 2003

Mama Cyril,

Nakuandikia nikiwa nimesimama kwa sababu kukaa siwezi. Upele nimeupata. Mama ameupata. Jana nilikuwa nafasiri mahali pa huzuni kabisa, baba mtu anakata roho, na mimi mkono mmoja uko kwenye kipaza sauti na mwingine umezama ndani ya shati. Watu walicheka hadi maiti ikazikwa.

Tulikwenda hospitali ya Ndanda, mimi na Flora. Nesi akamtazama vidole, akauliza mtoto huyu amewahi kupakwa nini. Nikajibu kwa sauti yangu ya kazini ili wote kwenye benchi wasikie: mama yake wa kambo alimpaka salfa. Nesi akasema, "Huyo mama anajua. Sasa nani aliiosha?" Nikatazama dirishani.

Wametupa chupa ya dawa nyeupe. Flora amekubali kupakwa kwa kuwa ni nyeupe. Mkono wangu ulikuwa mzito, lazima nikiri, na mimi nina mwili mkubwa, kwa hiyo chupa haikumaliza wiki.

Basi nikadhani mambo yamekwisha. Nikamwambia Flora, umesikia nesi alivyosema, ilikuwa dawa. Akaniambia, "Hata kwenye filamu alisema ni dawa, Mjomba. Wewe mwenyewe ulifasiri." Kweli nilifasiri hivyo. Kila anachokisema nesi, mwanamke wa filamu alishakisema kwa mdomo wangu.

Sijui nishike lipi. Kichwani nakuamini, lakini kila nikishika kipaza sauti nakuona wewe kwenye televisheni. Kikao kiko palepale.

Fortunatus

---

Mkunya
26 Julai 2003

Shemeji,

Pole na upele. Sitasema nilisema.

Jumapili baada ya misa nilimbeba Cyril, nikaenda Newala mjini kwenye banda la video, niwaone hao wenzangu. Sikuwahi kuingia. Nilikaa nyuma kabisa karibu na mlango, nimejifunika khanga kama mwizi. Banda lile halina mfasiri, watu wanatazama picha tu na kelele za Kinaijeria. Kulikuwa na mwanamke mmoja analia, mwingine anapiga kofi mtoto, wa tatu anabisha hodi kwenye geti kubwa. Nikamuuliza baba aliyekaa jirani, mama wa kambo ni yupi? Akanijibu bila kugeuka: "Si huyo hapo, mwenye kucha ndefu?" Nikamuuliza amejuaje. Akanitazama kama mtu asiye na akili, akasema, "Kucha."

Nikatazama kucha zangu. Zina udongo wa muhogo, zimekatika. Nikasema afadhali. Halafu mwanamke wa mbele yangu akageuka, akanitambua, akamnong'oneza mwenzake, nao wakanitazama wote wawili, wakamtazama Cyril mapajani, wakarudi kwenye filamu. Siku ya pili bombani niliposimama kwenye foleni maneno yakakatika. Mtu ambaye mwaka jana alinigawia viazi vyake vya ming'oko alivuta ndoo yake karibu na miguu yake.

Nina maswali mawili. La kwanza: katika filamu ile ya Pasaka, yule mwanamke alisema maneno gani hasa? Niandikie neno kwa neno. Nataka kujua nilisema nini kilichofanana na yake.

La pili: Bibi Isabela anasema nini? Wewe umeandika sana habari za mila na desturi, lakini yeye ndiye aliyezaa wawili na kumzika mmoja. Mtu aliyemzaa Josephina ana haki ya kuninyang'anya mtoto wa Josephina, hilo silikatai. Ila nataka kusikia kauli yake mwenyewe, sio yako.

Severina

---

Masasi
2 Agosti 2003

Dada Severina,

Nimeandika Dada, usishtuke, ukifika mwisho utaelewa.

Swali lako la kwanza lilinitoa jasho. Neno kwa neno siwezi. Kiingereza changu ni cha darasa la saba, na kile cha Wanaijeria kinakwenda mbio kuliko mimi. Dada, hakuna mtu anayejua hili: huwa natunga. Nasikia jina la mtu, namwona amekasirika, namalizia mwenyewe. Nikiona mwanamke ana wanja mwingi na hacheki, huyo namkabidhi umama wa kambo. Watu wanapenda. Wengine wanatembea kutoka vijiji vya mbali kuja kumzomea.

Nikamwita Mwalimu Walter, anayefundisha Kiingereza sekondari. Jumapili asubuhi banda likiwa limefungwa tukautazama mkanda ule wa Pasaka tangu mwanzo, yeye akinieleza. Yule mwanamke wa unga wa njano, Dada, ni mama mzazi wa yule mtoto. Mtoto anaumwa ngozi, anampaka dawa. Majini hayamo. Mtoto alikuwa na homa. Na mama wa kambo yumo, ndiye yule aliyevaa nyeupe anayekesha kando ya kitanda wakati mama mzazi amesafiri. Huyo mimi nilimfanya roho ya marehemu mama, amerudi kumlinda mwanawe. Flora alikuwa anamlilia huyo. Alirudia filamu mara sita ili amwone huyo.

Jioni ileile nilishika kipaza sauti nikawaambia watu ukweli. Niliwaambia huyu wa wanja ndiye mzazi, na wa nyeupe ndiye wa kambo. Walipiga miluzi. Mmoja akapiga kelele, "Rudisha mama wa kambo wetu!" Nusu ya banda ilihamia kwa jirani. Flora alikuwa amekaa mbele. Baadaye akanijia pembeni, akaniuliza polepole, "Mjomba, Mama Cyril amekutisha?"

Sasa swali lako la pili. Nimelisoma mara nyingi na kila mara nimeiweka barua chini.

Mama hakunizaa. Hakumzaa Josephina pia. Mama yetu mzazi alifariki Josephina akiwa bado ananyonya na mimi nina miaka mitatu. Isabela aliletwa akiwa msichana, hakujaliwa mtoto wa kwake, akatulea sisi. Alikuwa akitembea kwa miguu kwenda kuomba maziwa kwa masista, Josephina mgongoni na mimi nimeshika khanga yake. Watu wazima wa ukoo wote wanalijua hili, ila halisemwi. Josephina alikuwa mkubwa sana alipolijua. Flora halijui kabisa. Kwake yeye huyu ndiye bibi mzaa mama.

Kila siku Mama anakaa kwenye mlango wa banda langu anauza karanga. Kwa miaka minne ananisikia kwenye spika nikiwatukana mama wa kambo, nawaita nyoka, wachawi, wauaji. Hajawahi kusema neno. Mara nyingine huwa anacheka na wateja. Nimejaribu kukumbuka ubaya hata mmoja alionifanyia, niwe nao kama kisingizio, sijaupata. Naona aibu kupita pale mlangoni.

Sasa nipe shauri. Siku ya kikao nikisimama na kusema hili, kesi yako imekwisha, umeshinda, hakuna atakayethubutu kukunyooshea kidole mbele ya Mama. Lakini Flora atakuwa amekaa pale. Nimwambie au nisimwambie?

Mjomba wa Flora asiye na akili,
Fortunatus

---

Mkunya
6 Agosti 2003

Kaka Fortunatus,

Usimwambie.

Nimekaa na barua yako siku nzima. Kwanza nilitaka kucheka, halafu nikataka kupanda basi nije nikupige na kipaza sauti chako. Halafu nikamfikiria Bibi Isabela pale mlangoni na karanga zake, nikalia, Cyril akalia kwa kunifuata.

Ni kweli, ukisema hayo kikaoni nimeshinda. Lakini ushindi huo ataulipa Flora. Ana miaka kumi na moja. Amemkimbia mama wa kambo mmoja, hajui lolote, na mahali pekee alipoona pa kujificha ni mgongoni kwa bibi yake. Ukimwambia kwamba bibi naye ni wa kambo, atakimbilia wapi tena? Hatamwona kama unavyomwona wewe. Atamwona kwa macho ya banda lako. Ataanza kumlisha paka kwanza.

Kwa hiyo waambie wazee nimekubali. Flora abaki ujombani. Ambrosi nitazungumza naye mimi. Amekuwa akikaa barazani anachonga mpini wa jembe ambao ulishakwisha zamani, na yeye hajui aseme nini. Nikirushiwa maneno bombani nitayabeba, mgongo ninao.

Nilikuuliza kama mimi ni mama mbaya. Usinijibu tena. Siku zile nilikuwa napima: hiki Cyril, hiki Flora, nani nampenda zaidi. Nilikuwa naogopa jibu. Sasa hayupo, na ninachokiona ni kwamba Cyril hali. Kila nikimpakulia anasubiri. Anataka mtu amtie tonge la kwanza mdomoni, amtazame usoni kwa muda, ndipo aanze. Anadhani ndivyo watu wanavyokula. Nami ninamtia tonge, namtazama, natokwa na machozi ndani ya chakula.

Nimempa Benedikto kifurushi. Ni lile gauni la Krismasi. Nimefumua pindo nikalikata, sasa litamkaa kimo chake. Mwambie limetoka kwa baba yake, na Benedikto nimemwagiza aseme hivyo, asije akaogopa kulivaa.

Bibi Isabela mpe shikamoo mbili, moja ya kila siku na nyingine hii.

Severina

---

Masasi
11 Agosti 2003

Mama,

Shikamoo. Mimi sijambo. Mjomba hajambo ila anajikuna bado. Bibi hajambo.

Barua yako ililetwa na Benedikto juzi mchana. Mjomba hakuwepo, alikwenda Mtwara kutafuta mikanda mingine. Benedikto akampa Bibi. Bibi akanipa mimi nimsomee, kama barua zote. Mimi sikujua ina nini. Nikasoma kwa sauti.

Nilipofika pale palipoandikwa nisiambiwe, nikanyamaza. Bibi alikuwa anamenya karanga. Akasema, "Soma, usiruke." Nikasoma. Nilipofika pale pa bibi naye ni wa kambo nikanyamaza tena, akasema, "Endelea, nimesikia." Nikasoma mpaka mwisho, mpaka shikamoo mbili. Akaitikia marahaba mara mbili.

Nikamuuliza, Bibi, ni kweli? Akasema ni kweli. Nikamuuliza kama aliwahi kutia kitu kwenye chakula cha mama Josephina alipokuwa mdogo. Akafikiri. Akasema ndiyo, alikuwa anatia chumvi, na sikukuu anatia nazi. Nikamuuliza kwa nini hakasiriki Mjomba anapowatukana kwenye spika. Akasema alijua Mjomba hamsemi yeye, kwa sababu Mjomba hakumbuki kama yeye ni wa kambo, na mtu akisahau kitu kama hicho unamwacha hivyohivyo.

Mimi bado sielewi vizuri. Kama yule wa nguo nyeupe ndiye wa kambo, basi ndiye niliyekuwa nampenda. Na kama wewe hukutaka nijue ili nisiogope, basi ulikuwa unanilinda, na mimi nilikuwa nakukimbia wewe. Nikiwaza hivyo kichwa kinauma. Bibi anasema nisiwaze yote siku moja.

Nilikuwa nampa Cyril aonje kwanza. Sasa nalia kwa sababu kama kweli kingekuwa na kitu, angekufa Cyril. Sikumfikiria. Naomba usimwambie akikua. Mwambie ale tu, mimi nikija nitamlisha vizuri.

Gauni limenienea. Kabla hatujasoma barua Benedikto alisema limetoka kwa Baba, lakini Bibi aliangalia pindo akasema Baba hajui kushona.

Mjomba amerudi jana. Alipoona nimesoma barua alikaa chini kabisa, kwenye udongo. Halafu akamwomba Bibi msamaha, Bibi akamwambia anyanyuke, anachafua suruali. Wazee wa kikao wameambiwa wasije. Mjomba anasema Baba alikuwa sawa kwamba mke wa baba hafuati mtoto ujombani, lakini mama wa mtoto anaruhusiwa. Kwa hiyo uje wewe. Baba abaki na Cyril.

Upele wa mikononi umepona. Wa mgongoni umerudi, kwa sababu Mjomba aliimaliza dawa nyeupe. Mkono wangu haufiki na Bibi haoni vizuri. Ukija njoo na salfa, na mafuta ya nazi usisahau. Safari hii sitaoga siku tatu.

Mwanao,
Flora